UCHAMBUZI: Mpita njia hugongwa mara mbili, barabarani na daftarini

KILA mwaka Mamlaka ya Kitaifa ya Usalama na Uchukuzi, NTSA, hutoa takwimu za watu walioangamia katika barabara za nchi hii. Na kila mwaka kundi lile lile huongoza orodha hiyo ya huzuni: watu wanaotembea kwa miguu. Hawa hawakuwa na usukani mikononi wala hawakukimbizana na mtu, na wengi wao walitembea kwa sababu nauli haikuwepo mfukoni. Mnamo 2024 zaidi ya watu 4,700 walifariki katika ajali za barabarani nchini, na wapita njia walikuwa wengi kuliko madereva, kuliko abiria na kuliko waendesha bodaboda.

Hata hivyo, kuna swali moja jepesi ambalo halipati jibu kwa urahisi. Je, wapita njia hao waligongwa na nini? Ni wangapi walioangushwa na matatu, wangapi na lori, wangapi na pikipiki? Na wale ambao hawakufa, wakatoka hospitalini na mguu mmoja au wasiweze tena kutambua watoto wao, ni wangapi kwa kila kaunti?

Tumezoea kuwaelekezea polisi maswali ya aina hii. Lakini polisi hujua tu ajali zilizoripotiwa kwao. Kuna mlango mwingine ambako karibu majeruhi wote wenye bahati ya kupata matibabu hupitia, nao ni mlango wa idara ya majeruhi katika hospitali. Huko ndiko kungepatikana jibu, lau kalamu ya hospitali ingeandika mambo mawili badala ya moja.

Mada ya uchambuzi huu ni hiyo kalamu. Kwa wengi ni jambo kavu la makarani. Lakini anayefuatilia jinsi serikali inavyogawa fedha atakubali kwamba lisilohesabiwa halitengewi hata ndururu.

Msamiati wa dunia nzima

Madaktari wa dunia hawaandiki takwimu zao kwa maneno matupu. Wanatumia misimbo, yaani alama fupi za herufi na tarakimu ambazo maana yake ni moja Nairobi, Tokyo na Lima. Kitabu kinachokusanya misimbo hiyo ni Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, unaofahamika kwa kifupi chake, ICD.

Mzizi wake ni orodha ya sababu za vifo iliyoandaliwa na mtakwimu Mfaransa, Jacques Bertillon, na kukubaliwa katika mkutano wa watakwimu mjini Chicago mnamo 1893. Shirika la Afya Duniani, WHO, lilikabidhiwa orodha hiyo mnamo 1948, na toleo la sita la mwaka huo likaanza kujumuisha pia magonjwa na majeraha yasiyoua. Toleo la 10, ambalo ndilo lililoenea zaidi, lilipitishwa mnamo 1990. Toleo la 11 lilipitishwa mnamo 2019 na likaanza rasmi kutumika Januari 1, 2022, ingawa mataifa mengi yanahama polepole.

Katika toleo la 10, sura ya 20 imetengwa kwa ajili ya kile ambacho wataalamu hukiita visababishi vya nje. Inafungua kwa mpita njia. Misimbo ya V01 hadi V09 ni yake peke yake. V01 ni mpita njia aliyegongwa na baiskeli. V02 ni aliyegongwa na chombo cha injini chenye magurudumu mawili au matatu. V03 ni aliyegongwa na gari dogo, pikapu au vani. V04 ni aliyegongwa na lori au basi, na V05 ni aliyegongwa na gari moshi. V06 ni ya vyombo visivyo na injini, kama vile mkokoteni wa punda. V09 imewekwa kwa ajili ya ajali ambazo chombo chake ni cha aina nyingine au hakikutajwa.

Baada ya hapo huja tarakimu ya nne. Sufuri ina maana kwamba ajali ilitokea nje ya barabara ya umma, mathalani mtoto aliyekanyagwa na gari likirudi nyuma katika ua wa nyumba. Moja ina maana kwamba ilitokea barabarani. Tisa ina maana kwamba aliyeandika hakujua. Kwa hiyo V02.1 ni habari kamili: mtu alikuwa akitembea, akagongwa na pikipiki au tuktuk, katika barabara ya umma. Ni herufi moja na tarakimu tatu, lakini zimebeba sentensi nzima.

Kilichovunjika na kilichokivunja

Mkanganyiko mkubwa huzuka kwa sababu majeruhi mmoja anahitaji misimbo miwili. Chukua mfano wa mama muuza mboga anayevuka barabara alfajiri akielekea sokoni, akagongwa na pikipiki na kuvunjika mfupa wa paja. Msimbo wa kwanza utasema kilichovunjika: S72, mvunjiko wa mfupa wa paja. Wa pili utasema kilichouvunja mfupa huo: V02.1.

Daktari wa mifupa anauhitaji msimbo wa kwanza ili aandae vyuma na chumba cha upasuaji. Mhandisi wa barabara hana haja nao. Yeye anauhitaji wa pili. Paja lililovunjwa na pikipiki na paja lililovunjwa kwa kuanguka kutoka kwenye mwembe ni mapaja sawa kwa daktari, lakini kwa taifa ni matatizo mawili tofauti kabisa. Rekodi yenye S72 pekee haiwezi kuyatenganisha.

Kwa upande wa vifo, kanuni ya WHO ni kali zaidi. Mtu akifa kutokana na jeraha, chanzo cha msingi cha kifo chake ni mazingira ya ajali au ukatili uliolileta jeraha hilo. Jeraha lenyewe halitoshi. Cheti kinachosema tu kwamba marehemu alivuja damu ndani ya fuvu kimeeleza nusu ya habari, tena nusu isiyomsaidia aliyebaki hai.

Nusu hii hupotea hasa pale kifo kinapochelewa. Mzee aliyegongwa na lori hulazwa wiki tatu bila kujigeuza, akashikwa na nimonia, akafa. Anayejaza fomu akiiona nimonia iliyo mbele yake na kusahau lori lililomlaza mzee huyo kitandani, basi kifo hicho huhamishwa kutoka barabarani hadi kwenye maradhi ya mapafu. Katika takwimu za barabara, kuna kipimo cha kimataifa cha siku 30 tangu ajali. Katika misimbo ya ICD mlolongo hauna ukomo wa siku 30, na hata anayekufa mwaka mmoja au zaidi baadaye ana msimbo wake, Y85, wa matokeo ya baadaye ya ajali za uchukuzi. Kitabu hakimsahau mtu. Anayesahau ni mwenye kalamu.

Nani hasa ni mpita njia?

Wasomaji wengine watashangaa kujua jinsi kitabu hiki kinavyomfafanua mpita njia. Ni mtu yeyote aliyepatwa na ajali ambaye wakati huo hakuwa ndani au juu ya gari, gari moshi, baiskeli, mnyama au chombo kingine. Dereva aliyesimamisha gari kando ya barabara na kuinama kubadilisha gurudumu ni mpita njia. Anayesukumwa katika kiti cha magurudumu ni mpita njia. Hata msukuma mkokoteni, yule kijana anayepambana na mzigo wa magunia ya viazi katikati ya magari ya Nairobi, kwa mujibu wa kitabu hiki ni mpita njia.

Mipaka hii ina maana kubwa kwa nchi yenye matatu. Abiria anayeteleza akiwa anashuka huhesabiwa kama mtu wa gari, na kuna tarakimu maalumu ya wanaoumia wakipanda au kushuka. Makanga anayening'inia mlangoni vilevile ana tarakimu yake, ya mtu aliye nje ya gari. Lakini abiria aliyekwisha kutua chini, akapita nyuma ya matatu na kugongwa na gari jingine, huyo ni mpita njia. Hatua mbili zinambadilishia jina.

Na matatu yenyewe iwekwe wapi? Kitabu kinasema gari dogo ni la magurudumu manne lililoundwa hasa kubeba watu wasiozidi 10, na basi ni la kubeba zaidi ya 10, linalohitaji leseni maalumu ya dereva. Kwa kipimo cha abiria, matatu ya watu 14 inaangukia upande wa basi, yaani V04. Lakini karani anayeitazama kwa umbo atashawishika kuiweka pamoja na vani, V03. Bila mwongozo mmoja wa kitaifa, hospitali mbili za mji mmoja zinaweza kuiandika ajali ya aina moja kwa njia mbili, na zote zikaamini ziko sahihi.

Pia kuna upungufu ambao waliokitunga kitabu hawakuuona kuwa mzito. V02 inaweka pikipiki na tuktuk katika chungu kimoja. Kwa mataifa ambako vyombo hivyo ni adimu, hilo si neno. Kwa Kenya, ambako bodaboda ziliongezeka kwa kasi kuanzia mwishoni mwa miaka ya 2000, na kwa miji ya Pwani ambako tuktuk zimejaa vichochoroni, ni jambo la kujadiliwa. Waliotunga toleo la Marekani waliliongezea msamiati wao hadi kufikia kumtofautisha mtu aliyekuwa juu ya viatu vya magurudumu na yule aliyekuwa juu ya ubao wa magurudumu. Hakuna kinachotuzuia nasi kuongeza tarakimu moja ya kutenganisha bodaboda na tuktuk.

Vifo elfu kumi visivyokutana

Pengine kuna atakayesema haya ni mambo ya wanazuoni. Basi na atazame tarakimu. Katika ripoti yake ya usalama barabarani ya 2018, WHO iliandika kwamba Kenya ilikuwa imeripoti vifo 2,965 kwa mwaka wa 2016. Makadirio ya shirika hilo lenyewe kwa mwaka huo huo yalikuwa 13,463. Ripoti iliyotangulia, ya 2015, ilikuwa na pengo kama hilo: vifo 3,191 vilivyoripotiwa, dhidi ya makadirio ya 12,891.

Ni vyema tuwe waangalifu hapa. WHO haikuhesabu maiti 13,463. Hayo ni makadirio ya kitakwimu ambayo hutumiwa pale usajili wa vifo wa nchi unapokuwa haujakamilika, na makadirio huweza kukosolewa. Lakini hata anayeyakosoa lazima akubali kwamba angeyapinga vizuri zaidi akiwa na hesabu yake mkononi. Nchi ambayo vyeti vyake vya vifo vimejazwa kikamilifu haikadiriwi na mgeni. Yeye mwenyewe ndiye anayempa mgeni takwimu. Tofauti ya zaidi ya vifo elfu 10 kwa mwaka ni pengo ambamo mji mdogo mzima unaweza kufukiwa bila kilio kusikika.

Ulimwenguni, WHO ilikadiria kwamba watu milioni 1.19 walikufa barabarani mnamo 2021, na asilimia 23 kati yao walikuwa wapita njia. Ajali hizo ndizo zinazoongoza kwa kuua watoto na vijana wa umri wa kati ya miaka 5 na 29. Umoja wa Mataifa umeweka lengo la kupunguza vifo na majeraha hayo kwa nusu ifikapo 2030. Sasa, nusu ya nini? Asiyejua alikoanzia hawezi kujua alikofika.

Habari inavyopotea njiani

Hebu tuifuate habari ya majeruhi mmoja kutoka barabarani hadi makao makuu ya wizara.

Anaokotwa na wasamaria wema na kupakiwa katika gari lolote linalokubali kusimama. Walioona ajali wanabaki barabarani, au wanaondoka mapema kwa kuchelea kuitwa mashahidi. Hospitalini, majeruhi hana fahamu. Mhudumu wa zamu, ambaye kando yake kuna watu wengine 20 wanaosubiri, anaandika herufi tatu zilizozoeleka katika hospitali zetu: RTA, yaani ajali ya barabarani. Kisha anaharakia kuzuia damu, kama inavyompasa.

Siku kadhaa baadaye faili hiyo inafika mezani kwa afisa wa rekodi za matibabu. Huyu ni mtaalamu aliyesomea kazi yake, na tangu 2016 taaluma yake ina sheria inayoisimamia. Lakini mikono yake imefungwa. Kanuni ya usimbaji inamkataza kukisia. RTA haisemi kama mgonjwa alikuwa akitembea, alikuwa abiria au alikuwa akiendesha. Ataangukia msimbo wa V89, ambao maana yake ni kwamba mtu aliumia katika ajali ya chombo kisichojulikana. Pengine hataandika kisababishi chochote, abaki na S72 peke yake. Mpita njia aliyegongwa barabarani sasa amegongwa mara ya pili, daftarini.

Kutoka hapo, takwimu za wagonjwa wasiolazwa hukusanywa kila mwezi kwa fomu ya MOH 705 na kuingizwa katika mfumo wa tarakilishi ambao nchi hii iliueneza kote mnamo 2011, hatua iliyosifiwa barani. Lakini katika fomu hiyo majeraha ya barabarani yana mstari mmoja. Mwanafunzi aliyegongwa akienda shule, abiria wa basi lililopinduka usiku na mwendesha bodaboda aliyeteleza mwenyewe, wote hao wanajumlishwa katika kisanduku kimoja. Tarakilishi haiwezi kutenganisha kilichokwisha kuchanganywa kwa kalamu.

Kwa waliokufa, njia ni mbili. Anayefia hospitalini hujaziwa fomu ya D1 na daktari. Anayefia nyumbani hujaziwa fomu ya D2 na naibu wa chifu, ambaye hakusomea utabibu. Naye aliyekufa papo hapo na kupelekwa makafani moja kwa moja huenda jina lake lisiingie kamwe katika daftari la wodi. Familia hupewa kibali cha kuzika, matanga yakaisha, na swali la kilichomgonga marehemu likazikwa naye.

Nani anayelipa?

Kuna upande mwingine ambao haujapewa uzito unaostahili, nao ni wa fedha.

Sheria ya bima ya magari, Sura ya 405, inalazimisha kila gari lililo katika barabara ya umma kuwa na bima inayowafidia watu wa nje, na mpita njia ni mmoja wao. Katiba ya 2010, katika kifungu cha 43, inasema hakuna atakayenyimwa matibabu ya dharura. Nayo Mamlaka ya Afya ya Jamii, SHA, iliyochukua mahali pa NHIF mnamo Oktoba 2024, ina hazina ya dharura, maradhi ya kudumu na magonjwa mahututi.

Yaani kuna mifuko miwili. Mmoja umejazwa na wenye magari kupitia bima, na mwingine umejazwa na umma. Dai la matibabu linapofika likiwa na msimbo wa mfupa uliovunjika tu, mlipaji haoni gari lolote. Anaona mfupa. Hakuna kinachomkumbusha kuuliza kama kulikuwa na chombo chenye bima. Gharama ambayo sheria ilikusudia imwangukie mwenye gari inahamia kimyakimya kwa mlipa ushuru au kwa familia inayoitisha mchango wa hospitali. Kisababishi cha nje kikiandikwa, angalau swali litaulizwa.

Kwa mpita njia mwenyewe, rekodi ya hospitali ni mojawapo ya nguzo chache anazoweza kuegemea. Anapokwenda kudai fidia atahitaji nambari ya OB kutoka kituo cha polisi, fomu ya P3 iliyojazwa na daktari, na maelezo ya matibabu. Ikiwa faili lake limeandikwa kwamba alianguka, au halisemi chochote kuhusu gari, wakili wa upande wa pili hatakosa kulitumia pengo hilo.

Hata hivyo, msimbo haupasi kuchukuliwa kuwa hukumu. V04.1 haisemi kwamba dereva wa lori alikosea. Inasema tu kwamba lori na mtu walikutana. Kuamua kosa ni kazi ya mahakama. Endapo hospitali zitageuzwa kuwa vituo vya upelelezi, majeruhi wataanza kuficha walivyoumia, na tutakuwa tumeharibu kile tulichotaka kujenga.

Wengine wamefanyaje?

Sweden, taifa ambalo mnamo 1997 bunge lake lilipitisha dira ya kutokubali kifo chochote barabarani, iliunganisha taarifa za polisi na za hospitali katika mfumo mmoja. Faida yake ilionekana haraka kwa wapita njia. Polisi hawaitwi mtu anapoteleza kwenye barafu na kuvunjika nyonga, hospitali humpokea. Ilipoonekana wazi ni wangapi wanaoumia hivyo na wapi, miji ikajua ni njia ipi ya kusafishwa kwanza.

Marekani nayo inatupa funzo la tahadhari. Ilihamia misimbo ya toleo la 10 katika hospitali zake mnamo Oktoba 1, 2015, na kitabu chake kina misimbo mingi kupita kiasi, mingine ya kuchekesha. Lakini hakuna sharti la kitaifa linalolazimisha kila hospitali kuandika kisababishi cha nje. Kwa hivyo msimbo wa bima hujazwa kwa bidii kwa kuwa unaleta malipo, na wa kisababishi huachwa mara kwa mara kwa kuwa hauleti kitu. Funzo ni kwamba utajiri wa misimbo hausaidii ikiwa hakuna anayewajibika kuijaza.

Daraja au msimbo?

Kuna hoja nzito dhidi ya haya yote, na haifai kupuuzwa. Muuguzi mmoja anapohudumia watu wengi kupindukia, ni ukatili kumwongezea fomu. Na hata mtoto anajua barabara zetu hazina mahali pa kutembea. Kwa nini tusijenge madaraja ya wapita njia na kuweka matuta, badala ya kuhangaika na herufi na tarakimu?

Jibu ni kwamba daraja hugharimu mamilioni na haliwezi kujengwa kila mahali. Barabara kuu ya Thika ilipozinduliwa rasmi mnamo Novemba 2012, taifa lilijivunia njia zake nane. Kwa mtu wa Githurai au Kahawa aliyehitaji kwenda ng'ambo ya pili, njia hizo nane zilikuwa mto mpana. Mahali pa kuvukia hapapasi kuamuliwa kwa mtazamo wa ramani peke yake. Panapasa kuamuliwa pia kwa kuangalia waliokwisha kuumia walikuwa wakivukia wapi.

Isitoshe, dawa hutegemea kinachoua. Ikiwa kaunti fulani itagundua kwamba wapita njia wake wengi wanagongwa na malori, itafikiria njia za mchepuko na saa za malori kuingia mjini. Ikiwa ni bodaboda, itafikiria vituo vyake na tabia ya kupanda juu ya vijia vya miguu. Ikiwa ni magari madogo yaendayo kasi, dawa ni mwendo. WHO inaeleza kwamba hatari ya kifo kwa mpita njia anayegongwa na sehemu ya mbele ya gari huongezeka mara 4.5 mwendo unapopanda kutoka kilomita 50 hadi 65 kwa saa. Lakini kaunti ambayo rekodi zake zote zinasema RTA itatoa dawa moja kwa maradhi matatu.

Kaunti ya Nairobi ilitoa mfano mzuri mnamo 2015 ilipopitisha sera ya kutenga asilimia 20 ya bajeti yake ya uchukuzi kwa watembeao na waendesha baiskeli. Anayetaka kuuliza fedha hizo zimeokoa nani, na katika mtaa gani, atahitaji hesabu ya hospitali. Bila hiyo, sera hubaki maneno mazuri katika karatasi nzuri.

Maswali mawili tu

Kinachohitajika hakihitaji mkopo kutoka ng'ambo. Mhudumu wa zamu atahadharishwe kwamba RTA peke yake haitoshi, na katika kadi ya mapokezi pawe na maswali mawili ya kutia alama. Kwanza: Alikuwa nani barabarani, mpita njia, mwendesha baiskeli, wa pikipiki, abiria au dereva? Pili: Aligongwa na nini? Kazi hiyo haichukui hata nusu dakika. Mgonjwa asiye na fahamu aulizwe aliyemleta, kabla hajaondoka. Afisa wa rekodi atayageuza majibu hayo kuwa msimbo bila kukisia.

Wizara ya Afya nayo iupasue ule mstari mmoja wa MOH 705 uwe mitatu au minne, na itoe mwongozo wa matatu na tuktuk kabla nchi haijahamia kikamilifu toleo la 11, ambalo nalo limeendelea kumtengea mpita njia msimbo wake, PA00. SHA iweke sharti kwamba dai lolote la jeraha lisilo na kisababishi lirudishwe lijazwe, bila kumcheleweshea mgonjwa matibabu. Nayo NTSA, ambayo mpango wa taifa wa usalama barabarani wa 2024 hadi 2028 umeitwika mzigo mkubwa, ikutane na watu wa rekodi za afya kila robo ya mwaka na kulinganisha orodha zao. Sheria ya Kulinda Data ya 2019 haizuii hilo. Msimbo hauna jina la mtu, na idadi haimwanikii mgonjwa siri zake.

Katika haya yote serikali za kaunti ndizo zenye neno la mwisho, kwa kuwa hospitali nyingi ziko chini yao. Gavana anayetaka kujua watu wake wanaumizwa na nini anaweza kuanza katika hospitali moja ya rufaa kwa miezi sita, na kujionea.

Wahenga walisema mficha uchi hazai. Taifa linalowaficha wapita njia wake ndani ya herufi tatu, RTA, haliwezi kuzaa barabara salama. Mtu anayetembea ndiye mwananchi wa kawaida kuliko wote, na ndiye asiye na chama cha kumtetea wala chombo cha kugoma nacho. Akigongwa, haki yake ya kwanza ni matibabu. Haki ya pili ni kuhesabiwa kama alivyokuwa: mtu aliyekuwa akienda kwa miguu yake, akagongwa na chombo kinachojulikana, katika barabara yenye jina.